Fidia ya ajali: Kwa nini risiti hushinda jeraha mahakamani

WATU wawili waliovunjika mguu ndani ya matatu moja, siku moja, wanaweza kutoka mahakamani na fidia zinazotofautiana kwa mamia ya maelfu ya shilingi. Wengi wakisikia hivyo husema hakimu amehongwa. Mara nyingi zaidi sababu ni ya kawaida, na kwa maoni yangu inasikitisha kuliko hongo. Mahakama haina mizani ya kupima maumivu. Hupima kilichoandikwa katika hati ya madai na kikathibitishwa kwa ushahidi, kisha hukilinganisha na kile ambacho mahakama nyingine ziliwapa watu walioumia vivyo hivyo.

Matokeo yake ni kwamba majeruhi asiye na karatasi hulipwa kidogo kuliko mwenye karatasi, hata kama jeraha ni lile lile. Na katika nchi ambamo sehemu kubwa ya watu hujitafutia riziki kwenye jua kali, sokoni na shambani, asiye na karatasi ndiye Mkenya wa kawaida.

Jambo hili linawahusu watu wengi. Mwaka 2024 mamlaka ya usalama barabarani, NTSA, iliripoti vifo zaidi ya 4,700 katika barabara zetu, na waliojeruhiwa huwa wengi kuliko waliokufa kwa mara kadhaa. Sehemu kubwa ya kesi zao huishia mbele ya mahakimu, wala si majaji. Sheria ya Mahakama za Mahakimu ya 2015 ilimpa Hakimu Mkazi uwezo wa kusikiza madai ya hadi Sh5 milioni, na Hakimu Mkuu hadi Sh20 milioni. Kwa hivyo kesi ya dereva wa bodaboda aliyekatwa mguu huko Kisii au Voi yaweza kuanza na kuamuliwa katika mahakama ya mji ule ule.

Swali la kwanza ambalo hakimu hujiuliza halihusu pesa. Hujiuliza ni nani mwenye kosa. Sheria yetu haimlipi mtu kwa sababu tu ameumia. Humlipa akionyesha kwamba mtu mwingine alizembea na uzembe huo ndio uliomuumiza. Anayeshindwa hatua hii hapati chochote, hata awe amelala hospitalini mwaka mzima.

Abiria wa matatu ana nafuu hapa, kwani hakushika usukani na ni vigumu kumtwika lawama ya gari kupinduka. Magari mawili yakigongana, wenye magari huachwa wagawane lawama wenyewe kwa wenyewe. Ikiwa abiria walioumia ni wengi, mawakili hukubaliana kesi moja iwe ya mfano kuhusu ni nani wa kulaumiwa. Uamuzi wake hutumika katika kesi nyingine zote, na baada ya hapo kila majeruhi hupimiwa fidia yake mwenyewe.

Anayetembea kwa miguu na mwendesha pikipiki wako pabaya zaidi. Hao huulizwa walivuka wapi, kulikuwa na giza au mwanga, je, walikuwa na helmeti, je, pikipiki ilikuwa na taa. Hakimu akiridhika kwamba majeruhi alichangia ajali, hukata asilimia fulani ya fidia yote. Hata abiria anaweza kukatwa endapo itathibitika kwamba hakufunga mshipi wa usalama, jambo ambalo Wakenya walianza kulitilia maanani baada ya kanuni za marehemu John Michuki za 2004. Mtoto mdogo hapimwi kwa kipimo cha mtu mzima, maana haitarajiwi awe na hadhari ya mtu mzima.

Ushahidi wa hatua hii mara nyingi ni hafifu kuliko wasomaji wanavyodhani. Afisa wa trafiki aliyefika mahali pa ajali huwa amehamishwa kufikia siku ya kesi, na anayepanda kizimbani ni mwenzake aliyekuja kusoma kitabu cha matukio kilichoandikwa na mtu mwingine. Akiulizwa na wakili alama za matairi zilikuwa upande gani wa barabara, hawezi kujibu. Kama dereva alishtakiwa kwa kosa la trafiki na kupatikana na hatia, hukumu hiyo ni silaha nzito mkononi mwa majeruhi, ingawa haimzuii mwenye gari kudai kwamba majeruhi naye alichangia. Tatizo ni kwamba kesi nyingi za trafiki hubaki zikiandikwa 'uchunguzi unaendelea' hadi kesi ya fidia inapokwisha.

Kuna pia suala la mwenye gari. Zamani, kesi nyingi zilianguka kwa sababu hiyo pekee. Mwaka 1997 Mahakama ya Rufaa ilishikilia kwamba abstrakti ya polisi haitoshi kuthibitisha gari ni la nani, na kwamba majeruhi alipaswa kuleta hati kutoka kwa msajili wa magari. Ilichukua miaka mingi msimamo huo kulegezwa. Mwaka 2013 mahakama hiyo hiyo ilikubali kwamba iwapo abstrakti imetolewa mahakamani na mwenye gari hakuipinga, inaweza kutosha. Hata hivyo, wakili mwangalifu bado huenda kutafuta rekodi rasmi ya umiliki, kwa maana magari yetu huuzwa na kununuliwa tena pasipo kubadilishwa majina.

Baada ya lawama ndipo pesa huja, na pesa hizo huwa katika mafungu mawili. La kwanza ni fidia ya jumla, inayolipwa kwa ajili ya maumivu, mateso na raha za maisha zilizopotea. La pili ni fidia maalumu, yaani gharama ambazo majeruhi ametoa mfukoni. Mafungu haya hupimwa kwa njia tofauti kabisa, na hapo ndipo wengi hupotea.

Katika fidia ya jumla hakuna risiti ya maumivu. Hakimu husoma ripoti za daktari, humwona majeruhi akitembea kwa gongo, kisha hutafuta kesi zilizotangulia. Kanuni ni kwamba majeraha yanayofanana yalipwe fidia zinazokaribiana. Wakili wa majeruhi huleta hukumu ambazo mahakama zilikuwa karimu. Wakili wa kampuni ya bima huleta zile zilizobana, nyingine zikiwa na umri wa miaka 15, kana kwamba mkate bado unauzwa kwa bei ya wakati huo. Hakimu huchagua zinazomshawishi, huongeza kitu kwa ajili ya mfumko wa bei, na hutaja kiasi. Jeraha la misuli pasipo mfupa kuvunjika aghalabu huleta makumi ya maelfu ya shilingi au laki moja na kitu. Paja lililovunjika huleta laki kadhaa. Mguu uliokatwa huingia katika mamilioni.

Ripoti za daktari zenyewe zina vituko vyake. Daktari aliyemtibu majeruhi katika hospitali ya kaunti si lazima awe ndiye aliyeandika ripoti ya mahakamani. Mara nyingi ripoti huandikwa na daktari mwingine aliyemwona mgonjwa kwa muda mfupi, miezi mingi baada ya ajali, kwa ombi la wakili. Kampuni ya bima nayo humpeleka kwa daktari wake. Wa kwanza huandika kwamba ulemavu wa kudumu ni asilimia 20, wa pili asilimia nane. Kumwita daktari kizimbani ni gharama, hivyo mawakili hukubaliana ripoti zote mbili ziwekwe mezani pasipo wenyewe kuhojiwa. Hakimu huachwa achague kati ya karatasi mbili zinazopingana, naye mara nyingi hupita katikati.

Asiyeridhika hukata rufaa Mahakama Kuu, lakini jaji hana ruhusa ya kubadilisha kiasi kwa sababu tu yeye mwenyewe angetoa kingine. Msimamo huu ulitiliwa mkazo na Mahakama ya Rufaa katika miaka ya 1980, kwenye kesi ya kampuni ya Kemfro Africa iliyokuwa ikiendesha mabasi ya Meru Express, na haupiti mwezi bila kunukuliwa katika hukumu fulani nchini. Jaji ataingilia tu iwapo hakimu alifuata kanuni isiyofaa, aliacha jambo muhimu au kuingiza lisilohusika, au kiasi alichotoa ni kikubwa mno au kidogo mno hata kikaonyesha makosa ya kukadiria. Pamoja na hayo, fidia hupunguzwa katika rufaa kila siku, kwa kuwa maneno 'kikubwa mno' yana nafasi ya kutosha kwa kila jaji.

Niseme neno moja kuhusu lugha yetu ya magazeti. Tumezoea kuandika kwamba mtu 'ametunukiwa' Sh2 milioni na mahakama, kama kwamba ameshinda bahati nasibu. Hakuna anayetunukiwa mguu aliokatwa. Zaidi ya hayo, kinachochapishwa ni kiasi kilichotangazwa na hakimu, siyo kile kilichobaki baada ya rufaa, wala kile kilichofika mkononi mwa majeruhi.

Tuje sasa kwenye fidia maalumu, ambako karatasi hutawala kama mfalme. Kanuni ni kali: gharama itajwe waziwazi katika hati ya madai, kila kitu na kiasi chake, kisha ithibitishwe kikamilifu. Isiyotajwa hailipwi, na iliyotajwa bila risiti hailipwi. Hakimu anaweza kuamini kwa moyo wake wote kwamba majeruhi alinunua dawa, na bado akakosa mamlaka ya kumrudishia hata shilingi moja.

Tuchukue mfano wa kubuni. Fundi wa kuchomelea vyuma mwenye umri wa miaka 34 amegongwa na lori akiwa kando ya barabara, na mfupa wa paja umevunjika. Ametumia Sh310,000 kwa matibabu, teksi na dawa, lakini risiti alizohifadhi ni za Sh186,000. Nyingine zilipotea, nyingine hakupewa, na mwenye teksi haandiki risiti. Daktari amesema atahitaji upasuaji mwingine wa kuondoa vyuma, utakaogharimu Sh150,000. Hakimu anasema fundi alichangia ajali kwa asilimia 20, na anampa Sh700,000 kwa maumivu.

Iwapo wakili wake hakutaja upasuaji ujao katika hati ya madai, hesabu itakuwa Sh700,000 na Sh186,000, jumla Sh886,000. Ikiondolewa asilimia 20, fundi anabaki na Sh708,800. Lau risiti zote zingekuwapo na upasuaji ungetajwa, jumla ingekuwa Sh1,160,000, naye angepata Sh928,000. Tofauti ya Sh219,200 haikutokana na jeraha wala na hakimu. Ilitokana na mfuko wa karatasi, na sentensi moja ambayo haikuandikwa. Mahakama ya Rufaa imesema zaidi ya mara moja kwamba gharama za matibabu ya baadaye lazima zitajwe katika madai, hata kama kiasi chenyewe ni makadirio ya daktari.

Na bado hatujagusa mapato. Fundi huyu alikaa nyumbani miezi saba. Mapato aliyokwisha kuyakosa nayo ni fidia maalumu, kwa hivyo ataulizwa: alikuwa akipata kiasi gani, na ushahidi uko wapi?

Hapa ndipo pengo kati ya Wakenya huwa wazi kabisa. Tuseme watu wawili wenye umri wa miaka 35 wamejeruhiwa vibaya hata hawawezi kufanya kazi tena. Mmoja ni mwalimu anayepokea Sh60,000 kwa mwezi baada ya makato ya kisheria. Mwingine ni mama mboga anayeuza sukumawiki na nyanya na kuwasomesha watoto watatu, lakini hana kitabu cha hesabu. Mahakama huchukua mapato ya mwezi, huzidisha kwa miezi 12, kisha huzidisha kwa miaka ambayo mtu angeendelea kufanya kazi. Miaka hiyo hupunguzwa kwa kuwa maisha yana misukosuko na kwa kuwa pesa zinalipwa zote kwa pamoja. Tuseme hakimu anachagua miaka 18 kwa wote wawili.

Mwalimu atapata Sh12,960,000 kwa mapato aliyopoteza. Mama mboga, hakimu akisema hakuthibitisha chochote na kutumia ujira wa chini wa, tuseme, Sh15,000, atapata Sh3,240,000. Yamkini mapato ya kweli ya mama yule yalikuwa nusu ya mshahara wa mwalimu, au hata sawa nao. Sheria haina njia ya kujua.

Mahakama ya Rufaa imejaribu kuliziba pengo hili. Mwaka 2005 ilikataa hoja kwamba kazi ya mtu huthibitishwa kwa cheti pekee na mapato yake kwa hati pekee, ikisema kwamba kushikilia hivyo kungewadhulumu Wakenya wengi wasiojua kusoma, wasioweka rekodi, na ambao hata hivyo hujipatia riziki kwa njia mbalimbali. Ni uamuzi wa busara uliopaswa kubandikwa kwenye ukuta wa kila masjala. Mahakimu wengine huufuata, wakasikiza ushahidi wa jirani wa kibanda, mteja, mwenye nyumba aliyelipwa kodi bila kuchelewa. Wengine hukimbilia ujira wa chini, kwa sababu ni takwimu iliyochapishwa na Serikali na hakuna jaji atakayewalaumu kwa kuitumia.

Kuna njia nyingine ambayo mawakili wavivu huisahau. Mahakama hutofautisha kati ya mapato yaliyopotea na uwezo wa kuchuma uliopungua. Mapato lazima yathibitishwe kwa hesabu. Uwezo wa kuchuma ni sehemu ya fidia ya jumla, na Mahakama ya Rufaa ilieleza hivyo tangu miaka ya 1980. Fundi aliyerudi kazini lakini hawezi tena kuinama wala kubeba vyuma, na ambaye akiachishwa kibarua hiki hatapata kingine kwa urahisi, anastahili kiasi fulani kwa ajili hiyo, hata kama hana hati ya mshahara. Kwa watu wa jua kali, huu ndio mlango ulio wazi zaidi, ila lazima wakili aubishe.

Je, pangekuwa na jedwali la bei kwa kila kiungo? Bunge lilijaribu. Mwaka 2013 liliifanyia marekebisho sheria ya bima ya magari dhidi ya madhara kwa watu wengine, likaingiza mpango wa fidia iliyopangwa kwa viwango. Kampuni za bima zilifurahi, kwani hasara iliyopangwa ni rahisi kuikadiria. Chama cha Mawakili, LSK, kilienda kortini, na mwaka 2016 Mahakama Kuu iliamua kwamba vifungu vya mpango huo vilikiuka Katiba, kwa kuwa viliwanyang'anya mahakimu na majaji kazi ya kuamua kila kesi kwa ushahidi wake.

Naona Mahakama Kuu ilikuwa sahihi. Kidole cha mwanamuziki na kidole cha karani si kidole kimoja. Lakini LSK haikuwa ikiwapigania majeruhi peke yao, maana viwango vilivyopangwa vingepunguza pia kazi ya mawakili. Na baada ya jedwali kuanguka tulirudi pale pale, kila wakili na rundo lake la hukumu.

Uingereza, ambako sheria yetu ya fidia ilitoka, ilipata njia ya katikati. Tangu 1992 chombo kinachowafunza majaji huko hutoa mwongozo wa viwango kwa kila aina ya jeraha, kuanzia kidole hadi uti wa mgongo. Huonyesha kiwango cha chini na cha juu, na hufanyiwa marekebisho mara kwa mara kulingana na mfumko wa bei. Haumfungi jaji. Humpa mahali pa kuanzia, na anayetoka nje ya mstari hueleza sababu. Idara yetu ya Mahakama ina maelfu ya hukumu zilizochapishwa mtandaoni. Kuzipanga kwa aina ya jeraha, mwaka na kiasi ni kazi inayowezekana, na ingemnufaisha zaidi hakimu wa mji mdogo mwenye kesi 20 kwa siku na asiye na msaidizi wa utafiti.

Mahakama ya Madai Madogo, iliyoanza kazi mwaka 2021, ilitarajiwa kupunguza mzigo huo. Sheria inaipa uwezo wa kusikiza madai ya hadi Sh1 milioni, yakiwemo ya fidia ya majeraha, na inataka kesi iamuliwe ndani ya siku 60. Lakini majaji wa Mahakama Kuu wametofautiana kuhusu iwapo mahakama hiyo inaweza kuamua pia ni nani mwenye kosa katika ajali, au kazi yake ni kukadiria kiasi tu. Majeruhi mwenye mguu kwenye plasta huachwa akingoja wakubwa wakubaliane.

Muda nao haumngoji. Kesi ya fidia lazima ifunguliwe ndani ya miaka mitatu tangu ajali. Ikiwa gari ni la Serikali, muda ni mwaka mmoja. Kwa mtoto, saa huanza kuhesabu anapofikisha umri wa utu uzima. Aliyegongwa na gari lililotoroka bila kutambuliwa hana wa kumshtaki.

Katika harakati za kukimbizana na muda ndipo madalali wa kesi hujitokeza, wakiwanyemelea majeruhi wodini na fomu za kutia sahihi. Sheria ya Mawakili inakataza kutafuta wateja kwa njia hiyo, na haitambui mapatano ya wakili kulipwa pale tu kesi inaposhinda. Mtu aliyetia kidole gumba kwenye karatasi akiwa na dripu mkononi hawezi kujua hayo.

Baada ya hukumu, kuna kulipwa. Hapa wengi hushangaa kugundua kwamba hawakuishtaki kampuni ya bima. Walimshtaki dereva na mwenye gari, ndiyo sheria. Kampuni hulazimika kulipa kwa niaba ya mteja wake iwapo ilipewa ilani kabla ya kesi kufunguliwa au ndani ya muda mfupi uliowekwa na sheria baadaye. Wakili akisahau ilani hiyo, kampuni hunawa mikono. Ikipewa ilani na bado ikakataa, majeruhi hufungua kesi ya pili, akiiomba mahakama itangaze kwamba kampuni inawajibika. Ikikata rufaa, mahakama mara nyingi huagiza nusu ya fidia iwekwe katika akaunti ya pamoja ya mawakili wa pande zote mbili, na pesa hulala humo huku vyuma vikiendelea kukaa mfupani.

Kisha kuna hatari ya kampuni yenyewe kuanguka. United Insurance, iliyokuwa na matatu nyingi, iliwekwa chini ya usimamizi wa kisheria mwaka 2005. Standard Assurance ilifuata mwaka 2009 na Blue Shield mwaka 2011. Kampuni inapowekwa chini ya msimamizi, kesi na malipo husimamishwa. Kuna wenye matatu waliolipa ada za bima kwa uaminifu kisha wakafuatwa na madalali wa mahakama nyumbani, na kuna majeruhi waliozeeka na hukumu zao kabatini.

Hata kampuni ikiwa imara, haiwajibiki kulipa zaidi ya Sh3 milioni kwa dai moja. Kiwango hicho kiliwekwa na marekebisho ya sheria ya 2006. Kilipingwa mahakamani, na mwaka 2018 Mahakama ya Rufaa ilikiidhinisha, ikieleza kwamba kinachozidi hapo majeruhi yuko huru kumdai mwenye gari mwenyewe. Kisheria hoja hiyo haina kasoro. Lakini mwenye gari wa kawaida ni mtu mwenye matatu moja iliyonunuliwa kwa mkopo wa benki, na madalali wakiikamata, benki hufika na hati zake kwanza. Mwalimu wa mfano wetu, mwenye Sh12,960,000 za mapato peke yake, atalipwa Sh3 milioni na kubaki na deni la karibu Sh10 milioni kwa mtu asiye na kitu. Tangu 2006 bei ya viti vya magurudumu, ada za hospitali na ujira wa wauguzi wa nyumbani zimepanda mara nyingi. Sh3 milioni hazijasogea.